Harusi Tuliyoiita Mahafali

Ilikuwa harusi. Nimekana kwa miaka mingi, kanisani, kwenye sherehe za kuzaliwa za watoto wa watu, hata mbele ya kijana mmoja aliyenijia na kinasa sauti akisema anaandika tasnifu. Lakini sehemu ya mwisho ya katuni ya Korongo wa Chuma, pale Sota na Hana wanaposimama wamevaa nguo nyeupe na kunywa kutoka kikombe kimoja, haikuwa mahafali ya marubani. Hakuna chuo cha urubani duniani kinachomvika mhitimu wake shela. Ilikuwa harusi, na mimi ndiye niliyeigeuza.

Nawaandikia nyinyi mnaoingia sasa katika kazi hii ya kuvisha filamu za wenyewe sauti za Kiswahili. Mimi nimeiacha. Nasema nimestaafu, ingawa umri wangu bado hauniruhusu kupanda treni kwa nauli ya wazee. Nilikuja Stockholm kutoka Machakos kusoma isimu, nikitarajia kurudi nyumbani profesa. Badala yake nikatumia miaka yangu bora kuhesabu midomo.

Kuhesabu midomo ndiyo kazi yenyewe, hasa katika katuni za zamani za Kijapani. Mdomo wa mhusika ulikuwa michoro mitatu tu: umefunga, nusu, wazi. Unatazama mara ngapi unafunguka, kisha unatafuta maneno ya kutosha kuujaza bila kubaki mtu anaongea huku mdomo umefungwa. Hapo Kiswahili kina bahati. Maneno yetu huishia mdomo ukiwa wazi, na yao vilevile, kwa hiyo tulikaa kwenye midomo ya Kijapani vizuri kuliko Waswidi, ambao neno lao huweza kuishia na rundo la konsonanti kama mtu aliyejikwaa mlangoni. Balaa letu ni urefu. Mtoto anafungua mdomo mara tatu kukataa, na wewe umeandika "sitakuruhusu kamwe". Kateni. Kila mara kateni. Neno "hapana" halijawahi kumkosea mtu.

Tulirekodia Jakobsberg, nje kidogo ya Stockholm, kwenye chumba cha chini ya jengo la kupanga, ukuta mmoja na chumba cha kufulia nguo cha wapangaji. Chama kidogo cha kukuza lugha za nyumbani kilikuwa kimepata kibali cha kuitoa katuni hiyo kwa Kiswahili, ili watoto wetu waliokuwa wakitujibu kwa Kiswidi wapate sababu ya kusikiliza. Kuta tulizifunika kwa mablanketi. Mashine za jirani zilipoanza kukamua, ilibidi tusimame, lakini siku nyingine hatukuwa na muda wa kusimama. Ule mngurumo wa Korongo anapopaa, ambao watu wazima leo huniambia uliwasisimua utotoni, mwingi wake ni mashuka ya mpangaji wa ghorofa ya tatu.

Waigizaji wangu wengi walitoka kwaya moja ya Wakongo. Mkubwa wao alikuwa Papa Josué, mwalimu wa Kifaransa kule Bukavu, ambaye hapa alifanya kazi ya kuwahudumia wazee majumbani mwao. Alikuja kurekodi amefunga tai. Nilimwambia mara moja tu kwamba kipaza sauti hakina macho. Akanijibu kwamba yeye anayo.

Papa Josué alikuwa sauti ya Genzo. Kwa msioijua hadithi: Sota ni mtoto wa miaka kumi ambaye vita vimemwacha bila mtu. Anaokotwa na fundi mitambo aitwaye Genzo, anayeishi na binti yake Hana, na pamoja wanamtengeneza Korongo, ndege mkubwa wa chuma anayerushwa na rubani. Basi siku ya kwanza kabisa, katika mstari wa kwanza kabisa, Sota anatoka mbio nje na kumwita yule mzee: "Genzo!"

Papa Josué akavua visikilizi, akaviweka mezani taratibu. Akaniuliza ni mtoto wa nani huyu anayemwita mtu mzima kwa jina lake tupu. Nikamweleza, kwa uvumilivu wa mtu aliyesoma, kwamba ndivyo hadithi ilivyoandikwa, na kwamba hata hapa Sweden mwanafunzi humwita mwalimu wake kwa jina. Nilichagua mfano mbaya. Ndicho kilichokuwa kikimuuma: watoto wake walikuwa wameanza kuwaita hivyo hivyo wazee wa kanisani.

"Mwalimu," akasema, maana ndivyo alivyoniita, kwa heshima na kwa kejeli kwa pamoja, "mi iko kiti? Iko meza? Kitu chenye kuitwa jina tu?"

Kwaya nzima ikanigeukia. Nikachukua kalamu, nikafuta "Genzo", nikaandika "Baba Mdogo". Mdomo wa mtoto ulifunguka mara mbili tu, neno langu likahitaji mara nne, ikabidi aliyekuwa Sota aseme kama anafukuzwa na nyuki. Papa Josué akavaa visikilizi vyake, akaitika kwa sauti iliyonifanya nisahau ile midomo. Nilijivunia sana uamuzi ule. Nilimwandikia profesa wangu karatasi juu yake, yenye maneno marefu kuhusu adabu na tafsiri, nikapata alama nzuri.

Na neno likashika. Watoto wa vitongoji vya Alby na Rissne waliokuwa wakigoma kusalimia kwa Kiswahili walikimbizana uwanjani wakiita "Baba Mudogo!" kwa lafudhi ya Bukavu, wawe Wakenya, Warundi au Waganda. Nakala za diski zikasafiri kwa mabegi ya wageni hadi Nairobi, hadi Goma. Mimi nikatembea kifua mbele.

Sasa sikilizeni kosa. Sehemu za katuni zilitufikia kwa mafungu, na mimi nilitafsiri fungu lililopo bila kuuliza kuhusu lijalo, kama mpishi anayetia chumvi kabla ya kujua anapika uji au mchuzi. Fungu la mwisho lilipofika, tukakaa wote kulitazama. Sota amekua. Hana amekua. Wanatazamana kwa namna ambayo ndugu hawatazamani. Kisha nguo nyeupe.

Hapo tukahesabu ukoo. Hana ni binti wa Genzo. Genzo, kwa kalamu yangu, ni baba mdogo wa Sota. Mwanamke mmoja wa Tanga aitwaye Tatu, aliyekuwa sauti ya Hana, ndiye pekee ambaye hakushtuka. Kwao mtu na binti wa ami yake huoana, akauliza tatizo liko wapi. Wengine walimtazama kama aliyetukana. Papa Josué akasema kwa niaba ya Wakongo wote, na ya Mkamba mmoja aliyekuwa mimi, kwamba mtoto wa baba mdogo ni dada, na yeye hatamwoza mtu dada yake mbele ya watoto.

Basi tukafanya mahafali. Viapo vikawa viapo vya marubani. Kikombe kikawa chai ya kupongezana. Papa Josué akatoa hotuba ya kuhitimisha mafunzo iliyokuwa nzuri mno, nadhani aliwahi kuitoa kweli shuleni kwake. Kulikuwa na jambo moja tu ambalo hatukuweza kulifunika, machozi ya Hana. Miezi kadhaa baadaye, baada ya ibada, msichana mmoja mdogo wa Alby aliyeitwa Rehema akanivuta sketi, akaniuliza kwa Kiswidi kwa nini Hana alilia. Nikamwambia, kwa Kiswahili sanifu, kwamba alikuwa amefaulu.

Mnajua kwamba katuni ile sasa imetengenezwa upya, filamu mbili kwa ajili ya watazamaji wapya. Kila kitu kimebadilika. Mdomo si michoro mitatu tena, una meno, una ulimi, midomo inabanana kwenye kila "m" na "b", na ukikosea mtazamaji anakuona. Hakuna anayekaa chumba kimoja na mwenzake. Mmoja anarekodi studio, mwingine ndani ya kabati la nguo kwake. Na kila mstari wa Kiswahili unatafsiriwa kurudi kwa Kiingereza ili wenye filamu kule Japani wausome. Mahafali hayapiti hapo.

Aliyepewa kuandika toleo la Kiswahili la filamu hizi alikuwa Rehema, yule yule, sasa mwanamke mzima. Aliacha kazi ya uhakika kwenye shule ya watoto wadogo ili aifanye. Katika filamu ya kwanza aliandika "Baba Mdogo" bila hata kufikiri, kwa sababu kwake yeye mzee yule hakuwahi kuwa na jina jingine. Wenye filamu wakakubali, na Papa Josué akaitwa tena, mstaafu, sauti imekwaruza, tai ile ile. Watu walipoisikia sauti yake kwenye ukumbi walipiga makofi. Nami nilikuwepo. Nilipiga makofi huku nikitazama mlango wa kutokea, maana kati ya waliokaa pale ni sisi wachache wa Jakobsberg tu tuliojua hadithi inakwenda wapi, na sikuwa nimemwambia Rehema. Nilijipa matumaini kwamba labda filamu ya pili wameibadilisha. Watu hubadilisha mambo siku hizi.

Hawakubadilisha. Rehema alinipigia akiwa ametoka kuitazama.

"Anti, kuna harusi."

Nikauliza, kwa sauti ya mtu asiyehusika, harusi ya nani.

"Anti. Uliniambia alifaulu."

Hakusubiri jibu. Nusu ya filamu ni mapenzi yao, akasema, hakuna pa kujificha. Msimamizi wa studio, Mswidi mwema aitwaye Lena, alikuwa ameshamwambia kwamba wenye filamu hawataki kuguswa kwa hadithi, na kwamba toleo lisipokuwa tayari baada ya wiki, filamu itatoka na maandishi chini tu, na mkataba wake utaishia hapo. Akilitoa jinsi lilivyo, familia zilizopiga makofi zitamwona Sota akimwoa dada yake. Na jina litakalopita mwishoni mwa filamu ni lake, si langu.

Tangu saa ile chakula kilinishinda. Nilipanda tunnelbana, treni ya chini ya ardhi, nikapitiliza kituo changu, nikarudi, nikapitiliza tena upande wa pili. Kisha nikafanya jambo nililopaswa kulifanya nikiwa mwanafunzi: nikaitazama katuni yote ya zamani kwa sauti zake za asili, nikiwa na tafsiri ya neno kwa neno.

Nikaona kitu ambacho profesa wangu hakukiona na mimi pia sikukiona. Sota anamwita mzee kwa jina tupu hadithi nzima. Anamwita hivyo akiwa na njaa, akiwa na homa, akiwa amemkasirikia. Asubuhi ya harusi mzee anamgeukia na kumwambia, "Toka leo niite baba." Na yule kijana, ambaye amemwendesha ndege wa chuma kupita kwenye moto, hawezi kulitamka. Lile jina tupu halikuwa utovu wa adabu. Lilikuwa umbali, na hadithi yote ilikuwa safari ya kuumaliza. Sisi tulimpa ndugu siku ya kwanza, Jakobsberg, kwa sababu mtu mwenye tai aliona haya na mtu mwenye kitabu alitaka kuonekana mwerevu.

Fundi hulia na kuchapa kazi. Kuna hila ya zamani nawaachia: ukihitaji kuongeza neno, liweke pale mhusika alipogeuza mgongo, maana mgongo hauna mdomo. Asubuhi ile ya harusi, kabla ya kumgeukia Sota, mzee anamimina chai akiwa ametupa mgongo. Nikamwandikia Rehema mstari wa kuingia hapo: "Mimi si ndugu wa baba yako. Uliniita tu Baba Mdogo, nami nikaitika." Damu ikaondoka, harusi ikawa halali. Rehema akaupenda. Wenye filamu wakaupitisha, wakasema haudhuru chochote. Nikala wali sahani nzima.

Papa Josué akaukataa.

Nilimfuata kwake Rissne. Mkewe alinikaribisha, akanipa chai, akatoweka jikoni kwa namna iliyonionyesha kwamba jambo hili limeshazungumzwa humo ndani na halikwisha vizuri. Nilimweleza Papa habari ya umbali, ya jina tupu, ya kosa langu. Alisikiliza kama anayesahihisha insha. Nikamwambia ni mstari mmoja tu, na Rehema anautegemea.

Akaniuliza kama najua nani alikuwa akienda kwenye mikutano ya wazazi shuleni kwa Rehema. Sikujua. Baba yake Rehema hakufika Sweden. Mama yake alikuwa akifanya usafi jioni. Ni yeye Papa Josué aliyekuwa akipanda treni mpaka Alby, na mwalimu alipomuuliza ni nani kwa mtoto, alisema baba yake mdogo, na mwalimu akaandika hivyo. Mama yake alikuwa amemwambia mtoto amwite hivyo siku walipokutana kanisani. Hapakuwa na damu. Hakukuwa hata na kabila moja.

"Sasa Mwalimu, siku ya kurekodi atakaa nyuma ya kile kioo cha studio," akasema. "Unataka mi nimwambie nini? Kama nilikuwa naitika tu?"

Nikasema si yeye atakayesema, ni Genzo.

"Genzo nani? Mi simujui Genzo. Weye ulimufuta."

Nilirudi nyumbani nikamwambia Rehema kwamba Papa hataki. Sababu sikumpa, nilijiambia si yangu kuitoa, na pia niliogopa. Lena akapendekeza kwa upole kwamba siku hizi mashine inaweza kuchukua sauti ya mtu kwenye filamu ya kwanza na kumsemesha mstari mmoja, watu hawatajua. Rehema akamjibu kwamba yeye atajua. Kisha akaniandikia kwamba bora filamu itoke bila Kiswahili kuliko kumsemesha Baba Mdogo kitu alichokataa, na kwamba ameanza kuulizia kama kazi yake ya zamani bado ipo.

Hayo ndiyo yaliyonikuta Jumapili, siku moja kabla ya kurekodi. Sikwenda kanisani, kwa sababu wote wawili wangekuwepo. Nilipangusa meza iliyokuwa safi. Niliandika mistari mingine ya mgongoni, mingi, kila mmoja ukikana udugu kwa adabu zaidi ya uliotangulia, na kila mmoja nilipousoma kwa sauti nilimwona mtoto nyuma ya kioo.

Ibada ilipokwisha, simu ikalia. Ilikuwa Papa Josué.

"Mwalimu, uko na kalamu?"

Nilikuwa nayo. Akaanza mbali, kama kawaida yake. Kwao, akasema, watoto wawili wakilelewa kama ndugu bila damu, kisha wakatakana, hakuna mzee anayewaambia hawakuwa ndugu. Huo ni uongo, na watoto wanajua ni uongo. Mzee husimama mbele ya watu akauvunja. Udugu wa mdomo huvunjwa kwa mdomo.

"Lakini si kwa mugongo," akasema. "Mutu hamwachi mutoto amemupa mugongo. Nipe ile ya uso."

Nikamwambia ile ya uso, ya "Toka leo niite baba", ina pumzi moja tu, midomo inabanana mahali pengi, na inaonekana imejaa skrini nzima. Akasema amefundisha vitenzi vya Kifaransa darasani kwa watoto sitini, midomo haimtishi. Nikaifungua ile picha kwenye kompyuta, simu sikioni, nikawa nahesabu kwa vidole huku yeye akinipa maneno na mimi nikiyakata. Alitaka hotuba. Nikakata. Alitaka baraka. Nikakata. Tukabaki na hili: "Baba Mdogo anaishia leo. Niite baba mkwe."

Akalisema mara moja, nikamwomba arudie. Mara ya pili sauti ilimkatika kidogo kwenye "leo", na uso wa yule mzee kwenye skrini ukafunga mdomo pale pale. Nikamwambia alifanye hivyo hivyo kesho, asibadilishe kitu.

Halafu nikauliza nililokuwa nikiogopa wiki nzima. Nikamwambia Rehema atakuwa nyuma ya kioo, na atamsikia akisema Baba Mdogo anaishia leo.

"Kwani Rehema anaolewa na kijana wangu?"

"Hapana, Papa."

"Bon. Basi akiniita, naitika."

Na akakata simu.